Amana ya Jicho

Katika msimu wa mahindi yanayokaribia kukomaa, mtu apitaye vijia vya Mpale, katika nchi ile ya Korogwe na Handeni ambamo shamba na pori havikuwekeana mpaka wa kudumu, huona madungu yaliyosimamishwa juu ya miti minne, na juu ya dungu mlinzi, na chini ya dungu mbwa. Mbwa niliyemwona mimi alasiri moja alikuwa amelala ubavu juu ya majani makavu, akijilamba mapajani kwa bidii iliyozidi ile ya usafi. Na aliponyanyua mguu, uvimbe mwekundu wenye vinundu vinundu ulionekana, umeloa, ukidondosha damu kidogo kidogo, na vumbi lililokuwa karibu naye lilikuwa na matone meusi yaliyokauka ya siku nyingi. Nilimwamkia mwenye shamba, "Shikamoo, mzee," akaitika, "Marahaba, mwanangu," na baada ya kuulizana habari za nyumbani na za mvua nikamwuliza mbwa wake ana maradhi gani. Akamtazama mnyama kitambo, kisha akasema, "Ni uzee tu huo, mwanangu, amelinda hapa miaka mingi." Hapakuwa na uovu katika jibu lile. Yalikuwamo hata mapenzi ndani yake, maana lilikumbuka utumishi wa mbwa. Lakini lilinitia katika taamuli ambayo haijaniacha, nayo ni kwamba kiumbe anaweza kuishi miguuni pa mwingine umri wake wote, akala makombo yake na kulinda usingizi wake, na asitazamwe hata mara moja kwa jicho la kutaka kujua.

Mbwa wa nchi ile hafugwi kwa pambo. Nguruwe mwitu huja usiku, nyani na ngedere huja mchana, na shamba la mahindi lisilo na mbwa huvunwa na wanyama kabla ya mwenyewe kuvuna. Ujira wake ni ugali uliobaki, mfupa uliokwisha kutafunwa, na ruhusa ya kulala karibu na moto. Mkataba huu haukuandikwa, lakini ni wa kale kuliko mikataba yote iliyoandikwa, kwa kuwa mbwa alifugwa na mwanadamu kabla ya ng'ombe na kabla ya mbuzi, na kabla ya mtu kujua kuzika mbegu ardhini na kuingojea. Fauka ya hayo, wengi wa watu wa nchi ile ni waumini wa dini iliyowafundisha kujihadhari na mate ya mbwa, na kuosha mara saba chombo alichokilamba, mojawapo kwa udongo. Na jamii, kama ilivyo desturi ya jamii nyingi, imeichukua hukumu ya chombo ikaifanya hukumu ya mnyama. Lakini dini ile ile imesimulia habari za mtu aliyeshuka kisimani akateka maji kwa kiatu chake ili amnyweshe mbwa aliyekuwa akilamba udongo kwa kiu, akasamehewa dhambi zake kwa tendo hilo. Na imemtaja kwa taadhima mbwa aliyenyoosha miguu yake ya mbele kizingitini mwa pango, mlinzi wa vijana waliolala usingizi wa miaka mia tatu na zaidi. Mtu wa kisimani alianza kwa kuona. Kabla ya kiatu na kabla ya maji palikuwa na jicho lililotambua kwamba ulimi ulambao udongo una haja, na rehema yote iliyofuata ilikuwa mtoto wa mtazamo ule.

Saratani ni maradhi ya uasi. Mwili wa mbwa, sawa na mwili wa mtu, umejengwa kwa chembe hai zisizohesabika, na kila chembe imepewa sheria yake: wakati wa kukua, wakati wa kugawanyika, na wakati wa kufa ili nyingine ishike nafasi yake. Chembe moja ikiiasi sheria hiyo, ikakataa kufa na kuzaa nyingine zikataazo kufa, mwili hujikuta unamlisha adui aliyetoka katika nasaba yake wenyewe. Dalili ya mvua ni mawingu, na mawingu ya maradhi haya humwonekania yeyote mwenye subira ya kutazama: uvimbe chini ya ngozi ambao mwezi huu ni mkubwa kuliko mwezi uliopita, kidonda kisichopona ilhali vidonda vya wakati mmoja nacho vimekwisha kufunga, damu itokayo puani, mdomoni au tupuni bila ya mapigano, mitoki iliyovimba chini ya taya, mbele ya mabega au nyuma ya magoti, mbwa mkubwa anayechechemea kwa mguu usiovunjika, mfupa wake ukinenepa karibu na kiungo, mbwa anayekonda naye anakula, au atamaniye kula na chakula kikarudi, tumbo lililojaa na ufizi uliopauka ghafula, ishara kwamba huenda uvimbe wa wengu umepasuka na kuvujia damu ndani. Hakuna hata moja katika hizi iliyo ushahidi kamili, maana usaha, minyoo, kupe na meno ya mbwa mwingine huweza kuleta sura hizo hizo. Ndiyo sababu tabibu hudunga sindano nyembamba katika uvimbe, akavuta chembe chache, akazitandaza juu ya kioo na kuzikagua kwa hadubini. Lakini hadubini haiwezi kukagua uvimbe ambao haukupelekwa mbele yake. Jicho la kwanza ni la mwenye mbwa, nao uzee, ambao tunausingizia kila kitu, si maradhi: ni majira ambayo maradhi hupata nafasi.

Wahenga walisema kwamba adhabu ya kaburi aijuaye ni maiti, na sijui usemi umfaao mnyama mgonjwa kuliko huo. Mtu mwenye maumivu huugua, hulalamika, huita jamaa zake, hupima kwa maneno ukali wa usiku wake. Mbwa hana njia hiyo, na pengine hata kama angalikuwa nayo asingaliitumia, kwa kuwa silika yake ya kale humwamuru aufiche udhaifu mbele ya wenziwe na mbele ya maadui zake. Atainuka kulipokea jina lake mkia ukitikisika, na mwenyewe ataridhika kwamba anayetikisa mkia hana neno. Atakwenda zamu yake ya usiku na uvimbe wake. Sisi wanadamu tumetungiwa methali ya kutuonya kwamba mficha maradhi kifo humuumbua, na onyo hilo ni la haki, kwa kuwa sisi huficha kwa haya au kwa ajizi na tungeweza kusema. Lakini yule ambaye kuficha ni umbile lake hana lawama, na lawama yote humrudia aliye na uwezo wa kuona. Hapo ndipo ninapoona kwamba kumtazama mnyama ni amana aliyokabidhiwa mwenye kumfuga siku ile ile alipomfunga kamba ya kwanza shingoni. Aliyemnyang'anya kiumbe pori lake, akamfanya mtumishi, amekuwa ulimi wake mbele ya tabibu.

Na kuona mapema si neno la faraja tu; kuna mahali ambapo huamua uhai. Mbwa jike ambaye hakufungwa uzazi mara nyingi hupatwa na uvimbe wa matiti, na takriban nusu ya uvimbe huo huwa ni saratani. Mwaka 1969 wachunguzi wa Marekani walitoa hesabu ambayo imerudiwa vyuoni tangu hapo: jike aliyeondolewa ovari kabla ya joto lake la kwanza alikuwa na asilimia 0.5 tu ya hatari iliyomkabili mwenzake asiyeondolewa; akicheleweshwa mpaka baada ya joto la kwanza, asilimia 8; na baada ya la pili, asilimia 26. Muda wa miezi michache unatenganisha usalama na hatari, na uvimbe uliokatwa ukiwa mdogo hauwi hadithi moja na ule uliongojwa mpaka ukapasuka. Hali kadhalika yupo mnyoo, Spirocerca lupi kwa jina la kitaalamu, ambaye mbwa humpata kwa kumla yule mdudu anayebingirisha mavi, au kwa kula mjusi, panya au matumbo ya kuku waliomla mdudu huyo; mnyoo hupenya tumboni, husafiri katika ukuta wa mshipa mkuu wa damu, na huishia katika umio, akajenga humo kivimbe ambacho baadhi ya nyakati hugeuka saratani. Mbwa atapikaye chakula kizima kila alapo huenda amebeba mnyoo huyo, na akitibiwa kabla ya kivimbe kugeuka, hupona. Ndivyo maradhi makubwa yanavyoweza kuanzia uani, katika kitu ambacho mtoto hukiruka akienda kuteka maji. Na usipoziba ufa utajenga ukuta.

Lakini uvimbe wa mbwa wa Mpale, mahali pake na sura yake, unanipeleka kwenye habari ya ajabu kuliko zote, ambayo sijasoma inayoishinda katika elimu ya maradhi. Ipo saratani ya mbwa inayoambukizwa, nayo huonekana zaidi kule ambako mbwa hutembea huru, Afrika ya Mashariki ikiwamo. Mwaka 1876 tabibu wa mifugo wa Urusi, Mstislav Novinsky, alihamisha uvimbe kutoka mbwa hadi mbwa mwingine, na uvimbe ukashika na kukua. Watu walidhani kwamba kirusi fulani ndicho kinachohama. Ilipofika mwaka 2006 ndipo ilipothibitishwa kwa uchunguzi wa urithi kwamba kinachohama ni chembe zenyewe za saratani: hutoka mwili hata mwili kwa kujamiiana, kwa kulambana na kwa kunusana, zikakaa tupuni, mdomoni au puani, na kila zikaapo huwa ni wageni katika mwili wa mwenyeji. Mbwa ana kromosomu 78. Chembe hizi hazifikishi 65. Zote, katika mbwa wote wa dunia wenye maradhi haya, ni kizazi cha mbwa mmoja. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 2019, ambao ulikagua vivimbe 546, ulikadiria kwamba mbwa huyo aliishi Asia baina ya miaka 4,000 na 8,500 iliyopita. Alipata saratani, akafa kama wafavyo mbwa wote, na mifupa yake ikawa vumbi mahali tusipopajua. Lakini chembe zake za maradhi zilikuwa zimekwisha kuhamia kwa mwenzake, na tangu siku hiyo hazijafa. Zilivuka nchi kavu pamoja na misafara, zikavuka bahari pamoja na mabaharia, zikaingia Amerika karibu miaka 500 iliyopita katika merikebu zilizotoka Ulaya. Kwa hiyo huenda ikawa kwamba uvimbe ule chini ya dungu la mahindi ulikuwa sehemu ya mwili wa mbwa aliyemfuata mchungaji nyikani kabla hapajawa na Korogwe wala Handeni, na kabla ya lugha hii ninayoiandika kutamkwa na mtu yeyote.

Nikitafakari habari hiyo moyo wangu hugawanyika baina ya hofu na mshangao. Wafalme wamejijengea makaburi ya mawe ili wasisahauliwe, washairi wameomba majina yao yaishi baada yao, matajiri wamehaha kutafuta dawa ya kurefusha umri. Na umri mrefu kuliko wote tulioujua katika mwili wa mnyama anyonyeshaye wamepewa waasi wachache wa mbwa asiye na jina. Basi si kila kudumu ni heri. Kipo kudumu kwa mbegu, ambayo hufa ili izae, na kipo kudumu kwa deni, ambalo huhama kutoka kwa baba hadi kwa mwana na kumla kila alipokeaye. Hata hivyo saratani hii ya kale imejifunza kiasi. Aghalabu haisambai viungoni, huua kwa nadra, na katika baadhi ya mbwa wenye nguvu kinga ya mwili huzinduka na kuufukuza uvimbe bila ya dawa. Zimwi likujualo halikuli likakwisha. Na kuna jambo jingine linalonisikitisha zaidi. Mbwa wa wenyeji wa Amerika, waliokuwako huko kabla ya Wazungu, walitoweka karibu wote baada ya merikebu kufika. Na wataalamu walipotafuta mwaka 2018 ni nani aliye hai leo aliye jamaa wa karibu wa mbwa wale, walikuta kwamba ni saratani hii, kwa maana mbwa wake wa kwanza alikuwa wa ukoo mmoja nao. Taifa zima la mbwa wema limekwisha, na aliyebaki kutoa ushahidi kwamba ukoo wao ulikuwapo ni maradhi. Historia ya viumbe haikuahidi kumhifadhi aliye bora. Huhifadhi kile kilichopata njia ya kupita, na njia ya maradhi hupanuka pale macho yanapogeuzwa. Nani atamchunguza mbwa mapajani? Haya ya mtu, unajisi wa mate, na kimya cha mnyama vimeungana pamoja vikawa ngome, na ndani ya ngome hiyo adui amestarehe.

Dawa yake, kwa hikima ambayo mtu wa pwani angeweza kuipita kila siku asiijue, imetoka katika ua. Bukini, kisiwa kile kikubwa kilicho ng'ambo ya bahari yetu, ambacho ramani za leo hukiita Madagaska, ndiyo asili ya mmea mfupi wenye maua ya petali tano, ya waridi au meupe, ambao sasa umeenea katika nchi zote za joto, ukapandwa mbele ya nyumba na kando ya makaburi, ukavumilia jua na mchanga wa chumvi pale mimea mingine inapokata tamaa. Katika miaka ya 1950 majani yake, ambayo watu wa Jamaika waliyachemsha kwa kutibu kisukari, yalifika mikononi mwa Robert Noble na Charles Beer huko Kanada. Wakayajaribu, wakakuta kwamba hayafai kwa sukari ya damu, lakini yanapunguza mno chembe nyeupe za damu. Kosa la matumaini yao likawa mlango wa elimu nyingine. Kutokana na mmea huo zilipatikana dawa mbili, vinblastini na vinkristini, na hiyo ya pili iliidhinishwa Marekani mwaka 1963. Vinkristini huizuia chembe inayogawanyika isikamilishe kugawanyika kwake. Mbwa mwenye saratani ya kuambukiza, akidungwa dawa hii mshipani mara moja kila wiki, kwa kawaida huanza kuona uvimbe wake ukinywea baada ya sindano za kwanza, na baada ya wiki chache, mara nyingi nne mpaka sita, zaidi ya mbwa tisa katika kila kumi huwa wamepona kabisa. Ni saratani chache mno, kwa mnyama au kwa mtu, zenye bishara njema kiasi hicho. Lakini nahadharisha, kwa kuwa habari za mimea huruka upesi kuliko maonyo yake: ua hili lina sumu, na asitokee mtu wa kuchemsha majani yake akamnywesha mbwa au mtoto. Dawa ni kipimo kidogo mno kilichosafishwa, chenye kuiunguza nyama kikivuja nje ya mshipa, na mkono wa kuidunga ni mkono wa tabibu aliyesomea.

Jicho la kutaka kujua tumewahi kuwa nalo katika upande wetu wa Afrika. Mwaka 1957, katika hospitali ya Mulago mjini Kampala, daktari mpasuaji Denis Burkitt aliitwa kumtazama mtoto mwanamume aliyevimba taya pande zote. Hali ile haikufanana na jambo lolote alilolijua. Muda mfupi baadaye, akiwa Jinja, alimwona kupitia dirishani mtoto wa kike mwenye uso wa namna ile ile, akatoka kwenda kumwangalia. Wengine walikuwa wamewaona watoto kama hao kabla yake. Yeye aliunganisha uso mmoja na mwingine, akauliza. Mwaka 1958 aliandika habari za saratani hiyo ambayo leo hubeba jina lake, na mwaka 1961, pamoja na wenziwe wawili, alisafiri kwa gari kuukuu maili zipatazo 10,000 kuelekea kusini mwa bara na kurudi, akienda hospitali hata hospitali akiwaonyesha matabibu picha na kuwauliza kama wamewaona watoto wa sura hiyo. Alipochora ramani, maradhi yalifuata joto na mvua, yakayakimbia maeneo ya juu yenye baridi, kama homa ya malaria, ambayo watu waishio baina ya mabonde ya Korogwe na vilele vya Usambara wamejua tangu zamani kwamba makao yake yako bondeni. Na vinkristini, ile dawa ya ua la Bukini, ni miongoni mwa zile zinazowaponya watoto wa maradhi hayo. Mtoto wa Jinja na mbwa wa shamba la mahindi wanakutana katika chupa moja ya dawa, na kabla ya chupa wanakutana katika haja moja: kila mmoja alihitaji mpita njia asimame.

Najua swali litakaloulizwa na msomaji mwenye insafu, na ni haki yake kuliuliza. Katika nchi ambayo wagonjwa wengi wa saratani huifikia Taasisi ya Saratani ya Ocean Road, Dar es Salaam, ugonjwa ukiwa umekwisha kukomaa, ambayo mama mwenye uvimbe kifuani huuza mbuzi ili apate nauli, je, ni wakati wa kuzungumza juu ya saratani ya mbwa? Najibu kwamba ningalisikia aibu kuizungumza kama ningaliamini kwamba rehema ni kibaba cha unga, ambacho akipimiwa mmoja hupungua kwa mwingine. Mazoea ya kutazama hayagawanyiki hivyo. Nyumba inayouona uvimbe wa mbwa ukiwa mdogo ndiyo nyumba itakayouona uvimbe wa mama ukiwa mdogo. Na ulimi uliozoea kusema "ni uzee tu" juu ya mnyama hauna kazi kubwa kulisema neno hilo hilo juu ya bibi aliyelala chumba cha ndani, akikonda kwa haya, akingoja mtu wa kumwuliza. Maradhi ya mwanamke yaliyofichwa kwa sababu ya mahali yalipo, na maradhi ya mnyama yaliyoachwa kwa sababu hiyo hiyo, yamelelewa na kimya kimoja. Tena mbwa mwenye uvimbe utoao damu, anayelambana na wenziwe kijijini kote, haumwi peke yake. Kumtibu yeye ni kuwakinga wote ambao angewagusa, na huo ni uchumi ambao hata mtu asiyempenda mbwa aweza kuuhesabu.

Sisemi kwamba kila saratani ya mbwa ina dawa, wala kwamba kila mwenye mbwa ana uwezo. Saratani ya mfupa husafiri mpaka mapafuni mapema. Ile ya mitoki hurudishwa nyuma kwa dawa kwa muda, aghalabu bila ya kukomeshwa. Ile ya wengu hujitokeza siku ambayo imekwisha kushinda. Hospitali ya wanyama yenye vyombo kamili, kama ya Chuo Kikuu cha Kilimo cha Sokoine huko Morogoro, ni safari ya masafa kutoka Mpale, na dawa ina bei ambayo mlinzi wa mahindi ataipima kando ya daftari za watoto. Lakini pasipo na tiba pana wajibu bado. Kidonda huweza kuoshwa na kukingwa na nzi. Bwana mifugo huweza kutoa dawa ya kupunguza maumivu, ilimradi mtu asimpe mbwa vidonge vya binadamu kwa kubahatisha, kwa kuwa baadhi yake humdhuru. Na siku ambayo mbwa hawezi tena kusimama wala kula, kifo cha upole kutoka kwa tabibu ni hisani. Kumpeleka porini na kumwacha huko, au kumkabidhi kwa vijana wenye mawe, ni kuvunja ule mkataba wa kale katika sharti lake la mwisho. Methali husema kwamba mbwa hafi maji akiona ufuko. Wapo watakaofika ufukoni, na wapo ambao watatupwa na mawimbi. Wote wana haki ya kuonyeshwa nchi kavu iko wapi.

Tena deni hili lina upande wa pili, ambao humfanya mwanadamu ainamishe kichwa. Mwaka 1989 matabibu wawili wa Uingereza waliandika katika jarida la Lancet habari za mwanamke ambaye mbwa wake hakuacha kuinusa alama moja mguuni pake, akiinusa hata juu ya vazi, na siku moja akajaribu kuing'ata. Mwanamke akaenda hospitali, na alama ile ikakutwa kuwa ni saratani mbaya ya ngozi, ingali ndogo kiasi cha kuondolewa. Tangu hapo wachunguzi wa nchi mbalimbali wamewajaribu mbwa katika kunusa saratani za watu, na ijapokuwa kazi hiyo haijafikia kuchukua mahali pa vipimo vya maabara, imethibitisha kwamba pua ile husoma katika mwili wa mtu habari ambazo mwenyewe hajazisikia. Mbwa, basi, hutuchunguza. Kila turudipo nyumbani hutusoma mikono, miguu na pumzi, hujua nani ana hofu na nani ana homa, wala hachoki na haoni ikirahi kwa mahali popote pa mwili wetu. Yeye ametimiza fungu lake la amana bila ya kuamrishwa, na sisi tulio na akili, elimu na hadubini tumebaki nyuma ya mnyama katika jambo lisilogharimu hata senti moja.

Fungu letu si zito. Siku za chanjo ya kichaa cha mbwa, watoto huwaleta mbwa kwa kamba mpaka uwanjani, na kwa saa chache daktari wa mifugo, mwenye mbwa na mbwa mwenyewe huwa mahali pamoja. Hiyo ni fursa ya kusema, bila ya haya, nimeona uvimbe hapa, nimeona damu pale. Kabla ya siku hiyo yatosha mtu apitishe mkono mara moja kila mwezi, kutoka taya mpaka mapaja, na amkague jike wake chuchu kwa chuchu, na maji na sabuni zitamtakasa baadaye kama zilivyowatakasa wakulima wote kwa kazi zao. Saratani iliyozaliwa katika mbwa mmoja wa Asia imevuka maelfu ya miaka kwa sababu ilikuwa ikipata daima mwili wa kuhamia kabla ya mtu kuitambua. Leo inatambulika, jina lake linajulikana, asili yake inajulikana, na dawa yake inachanua mbele ya nyumba zetu. Imebakiwa na kinga moja tu, nayo ni ajizi yetu ya kutazama, na kinga hiyo kila mwenye mbwa ana uwezo wa kuivunja.